Mwaka Tuliomweka Sesilia Ukutani

Mwezi uliopita, tulipokwisha kumzika Mama Mdogo Agnesi, vijana wa ukoo walikaa kikao uani wakaamua nyumba yake ya tembe ibomolewe, pajengwe ya matofali na mabati. Sikuulizwa, na hata ningeulizwa nisingekuwa na la kupinga, maana nyumba yenyewe ilikuwa imeinama upande mmoja na mchwa wamekwisha kula nguzo. Kilichonichoma ni mjukuu mmoja, msichana mwenye simu kubwa kuliko kiganja chake, aliyeingia chumba cha ndani akamulika ukuta, kisha akatoka kuniuliza, "Shikamoo Bibi. Hivi vichoro vya kijivu humu ndani ni vya nini? Ni mapambo?" Nikamwitikia marahaba, nikamwambia ndiyo, ni mapambo. Nilikuwa nimechoka kwa kukaa mkekani siku zote za matanga, nikisikiliza watu ambao hawakumjua Mama Mdogo wakieleza alivyokuwa. Lakini niliporudi kwangu mjini jibu lile halikuniacha. Mapambo! Mle ndani tulimweka mtoto wa watu kama mtama, halafu leo mimi mwenyewe, mwenye akili zangu timamu, naita mapambo.

Wasiokulia kwetu nitawaeleza kwa ufupi. Nembo ilikuwa kazi ya wanawake. Kiangazi, mavuno yakishaingia ndani, mchana huku kwetu ni mrefu na hauna kazi. Mtu anasinzia, anasengenya jirani, anafukuza nzi. Mchana huo ndio uliowekwa. Mama wa nyumba aliloweka udongo mweupe wa mtoni, akachora ukutani nembo ya nyumba yake, mstari unaojiviringa kutoka nje kuingia ndani, na pembeni vijino vinavyoonyesha ukoo. Ukikaa chini ya nembo mbichi, mgongo ukiegemea ukuta, unafumba macho na kufumbua, na ng'ombe wamekwisha kurudi zizini. Mchana ule hukuuishi. Hujachoka wala hujapumzika, na njaa uliyokaa nayo unainuka nayo ile ile. Mvua zikija, palizi ikibana au kwelea wakishuka shambani, mama alifuata ule mstari kwa kidole kilicholoa maji, kutoka ndani kwenda nje, na mchana ukatoka. Jua lilisimama, watu wa nyumba hiyo wakalima mpaka wakakinai, na kwa jirani ikawa kupepesa kope mara moja tu. Akigeuka anakuta shamba lenu limekwisha kupaliliwa. Nembo iliyotumika ilibaki ya kijivu. Hakuna aliyeona ajabu, na padri mwenyewe alikuwa nazo jikoni kwake. Ila kulikuwa na mambo mawili ambayo kila mtoto aliyajua. Ukuta ni kama kilindo, lile pipa la magome tunalowekea nafaka: mdomo wake ni mmoja, na kilichoingia mwisho ndicho kinachotoka kwanza. La pili, mchana wa ukutani si wa mtu, ni wa nyumba. Ukitoka unawamwagikia wote wanaokula chungu kimoja.

Nilikuwa na miaka kumi na saba nilipopelekwa kwa Mama Mdogo, upande wa Mgori, na sababu za kupelekwa hazina maana hapa. Nilipewa kulala chumba cha ndani pamoja na Sesilia, binti yake, aliyenipungukia miaka miwili. Chumba kilinuka moshi na asali, kwa sababu Baba Mdogo alikuwa na mizinga msituni na masega aliyahifadhi kwenye mitungi chini ya kitanda chetu. Dirisha lilikuwa tundu la kupitisha kichwa cha paka. Sesilia alinipa jina la Mjini siku ile ile niliyofika, kwa sababu niliuliza choo kiko wapi badala ya kwenda tu kuona. "Mjini, ugali wa uwele haung'atwi, unamezwa." "Mjini, ukimkimbia jogoo wa Singida atakuoa." Alikuwa na ulimi, mtoto yule, lakini sentensi ndefu aliikata katikati apumue. Alilala ameketi, mito miwili na gunia la pumba mgongoni, na asubuhi miguu yake ilikuwa imejaa. Ukiibonyeza kwa kidole, shimo linabaki. Usiku wangu wa kwanza nilidhani ananichezea, kumbe ndivyo alivyolala tangu mwaka uliotangulia.

Baba Mdogo alimpeleka hospitali ya misheni, baiskeli mpaka barabarani, kisha lori la alizeti. Nilikwenda nao, pamoja na Mama Mdogo, kumshikia mtungi wa maji. Sista aliyempima alimwekea sikio la chuma kifuani muda mrefu, akatuita pembeni, akasema moyo una milango, na mmoja wa Sesilia haufungi, damu inarudi ilikotoka. Wako madaktari wa moyo wanaoweza kulitengeneza jambo hilo, wanakuja hapo mara moja kwa mwaka, mvua zikiisha, na wanachagua wagonjwa wa kuondoka nao. Mama Mdogo akauliza, "Sista, atafika?" Sista alikuwa mkweli, namshukuru na namlaumu kwa hilo mpaka leo. Alisema, "Mama, kwa anavyokwenda sasa, sidhani. Nitakupa dawa za kumpunguza maji. Mengine mwombeni Mungu." Kiangazi ndiyo kwanza kilikuwa kimeanza. Siku hizi namwona mama kijana wa umri wangu wa wakati ule akitoka kliniki na mtoto wake mwenye moyo kama ule, ana karatasi ya rufaa na tarehe, na ananung'unika foleni ilikuwa ndefu. Natamani kumshika mabega nimwambie alivyobarikiwa.

Jioni ya kurudi tulikula mlenda. Baadaye nilikuwa jikoni nakwangua chungu, na ukuta wa jikoni ulikuwa na ufa, kwa hiyo niliwasikia kama nimeketi kati yao.

"Ugonjwa unakula saa," Mama Mdogo alisema. "Tukimnyima saa, utakula nini?"

"Unataka kumweka mtoto ukutani kama mtama?"

"Nataka kumfikisha, Baba Sesilia. Basi. Wewe una njia nyingine?"

"Haijawahi kufanywa kwa mgonjwa," Baba Mdogo alisema.

"Na haijakatazwa."

Kesho yake, Sesilia alipomaliza uji, Mama Mdogo alimketisha chini ya nembo mbichi. Macho yakafumba. Alikaa pale mchana kutwa, mgongo ukutani, hapumui wala hajafa, na ukimgusa hakuwa na joto wala baridi. Mimi nilikuwa natoka na kuingia nikijifanya natafuta chungio. Ng'ombe waliporudi alifumbua macho akasema, "Bado?" Tukacheka wote kwa woga uliotutoka. Siku ile miguu haikujaa zaidi. Siku iliyofuata vilevile. Ilikuwa inafanya kazi, na Mama Mdogo aliimba akisonga ugali, jambo ambalo sikuwa nimelisikia kwake.

Basi Sesilia akawa mtu wa asubuhi na jioni. Alikunywa uji, alikaa, akaamka kula chakula cha usiku. "Mjini, leo nimekosa nini?" ndiyo ilikuwa salamu yake, nami kazi yangu ikawa kumwekea mchana mdomoni: jirani yetu Mama Hadija amegombana na mbuzi wake, nyuki wamehamia kwenye mzinga mpya, katekista ameanguka na baiskeli mbele ya wakwe. Nilizidisha chumvi. Siku nyingine hakukuwa na kitu chochote, mchana mzima upepo na vumbi, nikawa nabuni. Lakini miezi ilivyokwenda alianza kunitazama kwa namna nyingine. Gauni langu lilinibana, lake halikumbana. Mimi nilikata kucha, zake zilikuwa zile zile. "Mnakwenda mnaniacha," alisema jioni moja, bila utani, na nikaona ana hofu. Mama Mdogo naye vidole vilipasuka kwa udongo, nyufa zikatoka damu, na nembo zikapanda ukuta mpaka darini, zikageuka kona, zikaingia chumba cha kuwekea vilindo. Hakukuwa na mahali pa kumweka mtu mwingine yeyote. Mchana wetu sisi wazima, ule wa kiangazi kilichopita, ulikuwa umebaki chini kabisa, na wa Sesilia juu yake, tabaka kwa tabaka.

Nilimchukia Mama Mdogo kwa hilo, nilipokuwa mtu mzima na mjinga. Nilisema alimfungia mwanawe kama anavyofungia kuku. Kisha nikazaa, mwanangu wa pili akapata degedege, na nilipokuwa nimemshika vile alivyokakamaa niliutazama ukuta wangu wa saruji na kama ningekuwa na udongo mweupe ningeuchora wote. Tangu siku hiyo sijamsema tena.

Mvua zilichelewa, halafu zikaja kama zimedaiwa. Mtama ukaota, na magugu yakaota kuushinda. Pande zote majirani walikuwa wanafungua kuta zao. Ukipepesa macho, shamba la Mama Hadija limekwisha kusafishwa. La kwetu lilikuwa pori. Hapo ndipo Baba Mdogo, mtu mpole ambaye sikuwahi kumsikia akipaza sauti, alipofanya kile ambacho baba yeyote wa kwetu angefanya palizi ikimshinda. "Mchana ni mchana," alimwambia mkewe asubuhi. "Wa aliyelala na wa aliyekaa ni ule ule. Tutautoa wa juu, tutalimia, mtoto hatadhurika, yeye saa zake amekwisha kuziruka." Mama Mdogo alisita. Lakini vilindo vilikuwa vimebaki vitupu, na alichovya kidole majini. Wanasema akiba haiozi. Mtu aliyesema hivyo hakuwahi kuweka akiba ya ugonjwa.

Tulikuwa shambani tayari, jembe mkononi, jua likasimama. Nilipiga jembe la kwanza na la pili. La tatu halikuinuka. Kifuani kwangu palikuwa kama mtu ameniketishia gunia la mtama na yeye akakaa juu yake. Nilivuta pumzi ikaishia kooni. Nikavuta tena, ikaishia hapo hapo. Miguu ikawa mizito ndani ya tope. Baba Mdogo aliegemea mpini, midomo imekuwa ya bluu, na Mama Mdogo, aliyetufuata kutoka ukutani, alipiga magoti kati ya mistari ya mtama mdomo wazi. Sikuwahi kuogopa vile maishani mwangu, na nimeogopa mengi. Tulirudi nyumbani kwa kutambaa, mchana ule mmoja, jua halisogei, na tulipofika uani Sesilia alikuwa amesimama mlangoni ameshika kikombe. Kwake yeye hakukuwa na jipya. Ilikuwa hali yake ya kila siku.

"Mna nini?" aliuliza.

"Tuna wewe," Baba Mdogo alisema. Akakaa chini kwenye matope akalia, kwa pumzi fupi fupi, maana hata kulia kwenyewe kunahitaji pumzi. "Mwanangu, kumbe ndivyo unavyoishi. Kumbe ndivyo."

Baada ya hapo hatukuufungua tena ukuta, ila Sesilia aliendelea kuwekwa. Mchana wetu mzuri wa kulimia ulikuwa chini ya wake, na hakuna njia ya kuufikia ila kupitia humo. Mama Hadija alikuja na watu wake wakatupalilia upande mmoja wa shamba, Mungu amlipe, ila nao walikuwa na mashamba yao. Upande mwingine magugu yaliula. Tukashuka kwenye mlo mmoja, ugali mwembamba na mlenda usio na karanga. Baba Mdogo alikwenda msituni mara kwa mara kutafuta asali ya kubadilisha na mtama sokoni Ilongero, na alirudi na kidogo. Mama Mdogo hakulalamika hata siku moja. Alihesabia kila kitu kwa siku moja tu, siku ya madaktari, na alikuwa amekwisha kumfulia Sesilia gauni la safari na kulikunja juu ya kilindo, ambapo kila mtu aliyeingia alilazimika kuliona.

Siku ilifika. Barabara ilikuwa imekatika, tukatembea nusu ya njia tukimbeba Sesilia kwa zamu mgongoni, mwepesi kama alivyokuwa mwaka uliopita, maana kwa mwili wake ulikuwa bado mwaka uliopita. Alifika akiwa mzima. Nataka hilo lieleweke: Mama Mdogo alisema atamfikisha na alimfikisha. Ukumbi wa hospitali ulikuwa na watu wachache mno. Sista alitukuta mlangoni, akamshika Mama Mdogo mikono yote miwili, akasema safari ya madaktari imeahirishwa, mwaka huu hawaji, tuwatazamie mwaka ujao panapo majaliwa. Alieleza sababu. Sikuisikia, na sidhani kama Mama Mdogo aliisikia. Alichosema ni, "Mwaka ujao lini?" kama mtu anayeuliza basi la jioni linaondoka saa ngapi.

Tuliporudi hakuvua hata kanga ya safari. Alikwenda moja kwa moja kwenye chungu cha udongo, akamimina maji, akaanza kukoroga. Sesilia alibaki katikati ya chumba, ameshika nguzo.

"Mama, usiloweke."

"Mwaka mmoja si mwingi, mwanangu. Huu umekwisha, tumeuona ulivyokwisha. Nitakufikisha tena."

"Saa zangu ziko wapi?"

"Ziko salama. Si hizi hapa?" Mama Mdogo alionyesha ukuta wote kwa mkono wenye udongo.

"Basi nazitaka."

"Ukizitumia zitakwisha, Sesilia."

"Na nisipozitumia ni za nani?" Alikata akapumua. "Mwaka mzima nimekula uji na chakula cha usiku. Sijaona jua la mchana. Mjini ananiletea habari kama mimi ni mfungwa, na nusu yake anatunga, najua. Mama, kama ni kufa nitakufa. Lakini nimekuwa sijafa na sijaishi. Nichoke basi. Nataka nichoke."

Mama Mdogo alimtazama mumewe amsaidie. Baba Mdogo alisema taratibu, "Zikitoka zinatuangukia sote, mwanangu. Unajua."

"Asiyeweza aende akale kwa Mama Hadija mpaka ziishe. Sitanuna."

Hakuna aliyekwenda. Nilisimama mlangoni nikaufikiria ule uzito kifuani, na miguu ilitaka kwenda, siwezi kudanganya, lakini mahali pa kuipeleka sikupaona. Asubuhi iliyofuata, uji ulipokwisha, Mama Mdogo alichovya kidole akaanza na nembo ya mwisho, na jua likasimama juu ya uwanja wetu.

Mchana ule sijui niueleze vipi. Nembo moja ilipoisha alifungua nyingine, na jua lilibaki pale pale, na majirani kwao ilikuwa kope tu. Mwanzo tulidhani tutakufa. Tulikaa kivulini tukihema kama mbwa, na Sesilia alitucheka. Yeye ndiye aliyekuwa fundi. "Usivute kwa pupa, Baba. Kidogo kidogo, kama unakunywa uji wa moto. Mjini, usilale chali, utazama. Mama, ukitaka kuinuka, fikiria kwanza unakwenda wapi, usiinuke bure." Alitufundisha kuwa wagonjwa, na tulipojua, tukaanza kuishi. Tulichinja jogoo mmoja aliyebaki, na kumkimbiza kulituchukua sehemu kubwa ya maisha yetu, tukipokezana, tukikaa chini kila hatua chache. Alinisuka nywele. Alizifumua akanisuka upya kwa sababu muda ulikuwepo. Alikwenda mpaka zizini, akapumzika, akamkamua ng'ombe, akapumzika. Baba Mdogo alimletea sega zima la asali akala kwa mikono mpaka viwiko. Tulilala tukaamka na bado ulikuwa mchana. Tuliongea mambo ya kipuuzi kabisa, nani ana mume mwenye masikio makubwa kijijini, kama kwelea wana mfalme. Nilimwuliza kama anaogopa, akasema, "Sasa hivi hapana. Sasa hivi sote tuko hivi." Mama Mdogo ndiye hakucheka sana. Kila aliporudi kutoka chumbani nembo zilikuwa zimepungua, na alikuwa anazihesabu kwa macho akidhani hatumwoni. Ilipobaki ya mwisho kati ya zile za Sesilia, alikaa mbele yake kidole kimekauka. Alikaa sana. Sesilia akamwita kutoka uani, "Mama, endelea," bila kugeuka.

Jua likasogea. Kivuli cha paa kikaanza kutembea uani, na kifua changu kikafunguka chenyewe. Nilivuta pumzi ndefu mpaka tumboni, kwa sauti, siwezi kuuelezea utamu wake. Baba Mdogo naye alivuta. Mama Mdogo alivuta mlangoni, kisha akajifunika mdomo kwa kiganja kama mtu aliyeshikwa akila chakula cha mgonjwa. Sesilia alikuwa ameketi wima kwenye kigoda, asali mikononi, akinywa hewa yake kidogo kidogo. Alitutazama mmoja mmoja.

"Ee," alisema. "Nimebaki peke yangu."

Alikufa kabla mtama haujakatwa, mchana, jua likiwa kali. Sote tulikuwa pembeni yake, tunapumua vizuri.